Mtu Aliyesimama Kushoto

Mwenye nyumba wangu ni mjane wa rika langu, na tangu nihamie chumba cha nyuma kwake hapa La Rochelle, mtaa wa kusini mwa Johannesburg, tumekuwa tukinywa chai pamoja jikoni mwake karibu kila asubuhi. Ananiita madala, neno ambalo watu wa hapa humwitia mzee wakati wa kumtania. Mimi namwita Mama, ingawa sina hakika nani kati yetu alitangulia kuzaliwa. Tunaongea Kiingereza cha kuokoteza, yeye akichomeka Kizulu chake na mimi Kiswahili changu, ambacho amekizoea kidogo kwa sababu ya wapangaji. Maneno yake nayaandika hapa kwa Kiswahili, kama nilivyoyaelewa.

Asubuhi moja ya baridi kali aliiegemeza simu yake kwenye kopo la sukari, akaigeuza inielekee.

"Wewe si ulikuwa fundi wa sinema?"

"Zamani, Mama."

"Basi tazama hii, uniambie aliyeipiga alikuwa na akili gani."

Picha haikuwa na rangi wala sauti. Kulikuwa na mto mpana usio na kina kirefu, na upande wa kulia njia ya udongo inayoshuka hadi majini. Gari la mizigo la jeshi, lililofunikwa turubai, lilikuwa linashuka likikokotwa na farasi sita, wawili wawili. Juu yake aliketi dereva mwenye mjeledi mrefu, na nyuma walifuata askari wawili juu ya farasi wao. Gari likaingia majini, likafika katikati, likakwama. Farasi wakavuta, maji yakaruka. Ndipo upande wa kushoto, pale picha inapoishia, ukatokea mkono. Mkono tu, na kipande cha koti hadi kwenye kiwiko. Ukaishika hatamu ya farasi wa mbele, ukavuta. Gari likayumba, likanasuka, farasi wakatoka kwenye picha jozi baada ya jozi, na filamu ikaisha. Haikufika hata dakika moja.

"Umeuona ule mkono?"

"Nimeuona."

"Ule ni mkono wa babu yake baba yangu."

Nilicheka kidogo, nikidhani ananitania kama kawaida yake. Hakuwa anatania. Aliketi, jambo ambalo halifanyi akiwa na sufuria jikoni, akanisimulia habari ambayo kwao kila mtoto anaijua. Katika ile vita ya Waingereza na Makaburu, babu huyo aliajiriwa na jeshi kuhudumia magari ya mizigo. Hakupewa bunduki, alipewa farasi. Kazi yake ilikuwa kutangulia kwenye kivuko, asimame majini upande wa kutokea, awapigie farasi mluzi, na wakimfikia awashike hatamu kuwatoa. Siku moja, wakiwa wamekwisha kuvuka salama, alitokea Mzungu mwenye sanduku juu ya miguu mitatu. Alikuwa amechelewa kuandaa mashine yake. Alimwomba mkubwa wa msafara gari lirudishwe ng'ambo, livuke tena, apate picha. Likarudishwa. Mara ya pili matope yalikuwa yamevurugwa, gari likakwama kweli, na babu akakaa kwenye maji ya baridi hadi meno yakagongana. Kikohozi alichokipata siku hiyo ndicho alichozeeka nacho.

"Kwetu, mtu wa ukoo akisifiwa kwenye sherehe, wanataja na huyu," alisema. "Wanamwita Aliyevuka Mara Mbili. Na tangu nikiwa mdogo, watu waliooa kwetu wanatucheka. Eti Wazungu walikuja na sinema mpaka mtoni kumpiga picha mzee wenu! Mume wa dada yangu ndiye kinara. Kila sherehe anauliza kama tiketi zimeisha."

Mpwa wake ndiye aliyeikuta filamu ile mtandaoni, akamtumia. Ilimfikia wakati mzuri. Baba yake Mama, ambaye maisha yake yote aliuza makaa ya mawe Soweto kwa mkokoteni wa farasi, alikuwa amekaa kaburini miaka mingi bila jiwe, na sasa watoto walikuwa wamelipata. Mwisho wa mwezi wangelifunua. Hapa kufunua jiwe la kaburi ni jambo kubwa kama mazishi yenyewe: ukoo hukusanyika, ng'ombe huchinjwa, marehemu huombwa radhi kwa kucheleweshwa. Mama alitaka siku hiyo amwonyeshe kila mtu uso wa yule mzee, maana hakuna picha yake nyingine duniani.

"Halafu nampata hana kichwa," alisema. "Eish, madala. Mtu abebe sanduku lake kutoka ng'ambo, apange farasi sita kichwa mpaka mkia, dereva wa Kizungu ndani, maaskari ndani, halafu mtu mweusi mmoja amkate. Hakumwona? Au alimwona vizuri sana?"

Nilisema, "Mashine za wakati ule zilikuwa ngumu."

Hayo ndiyo maneno niliyoyatoa, huku nikijua ninachokijua. Kwenye kona ya chini, mkono wa kulia wa picha, kuna unywele. Unarukaruka tangu mwanzo wa filamu hadi mwisho. Unywele ule niliuona siku ulipoingia, na sikuutoa. Filamu ile ni nakala niliyoitengeneza mimi.

Nilijifunza sinema nyumbani Tanzania, baada ya kidato cha nne. Nilianza kwa kubeba mikanda kwenye jumba la sinema Moshi, nikapanda hadi kuendesha mashine. Jumba lilipokufa nilikuja Johannesburg, na baada ya kulinda mageti kwa muda nikapata kazi kwenye karakana ndogo ya Doornfontein, iliyokuwa ikihamisha filamu za zamani kuziingiza kwenye kanda za video. Mwenye karakana alikuwa mzee wa Kireno aliyekuja kutoka Msumbiji. Mimi nilimwita tajiri, yeye aliniita profesa, na wote wawili tulijua hakuna aliyekuwa anastahili jina lake.

Siku moja mteja alileta makopo ya mikanda yaliyotoka kwenye ghala la jumba moja lililofungwa. Ndani mlikuwa na mkanda wa vita, mfupi, wa zamani sana. Mikanda ya enzi hizo ilitengenezwa kwa kitu kinachooza, tena kinachoshika moto haraka kuliko petroli. Ikizeeka hunata, hutoa harufu inayouma pua, na mwishowe hugeuka unga wa kahawia. Huu ulikuwa umeanza kuharibika. Kama picha zake zingeokolewa, ilikuwa ni mara moja tu.

Niliutandaza juu ya meza ya kioo yenye taa chini yake, nikaukagua kwa lenzi, picha moja moja. Hapo ndipo nilipomwona mtu wa kushoto. Alikuwa mzima, kutoka kofia hadi pale maji yalipomkatia. Mpiga picha alikuwa amempanga vizuri: farasi wakija kutoka kulia, yeye akiwangoja kushoto. Ukiitazama picha ile nzima, jicho lilikwenda kwake kwanza.

Mkanda huu ulihitaji mambo mawili. La kwanza ni mwendo. Mikanda ya kale ilipigwa kwa kuzungusha mpini kwa mkono, polepole kuliko mashine zetu, na ukiiendesha kwa mwendo wa kisasa watu hukimbia kama siafu waliomwagiwa majivu ya moto. Nilihangaika na mwendo ule siku nzima, hadi farasi wakatembea kama farasi. Tajiri alikuja kutazama, akanipiga bega. Alisema watu wengine wangewaacha wakimbie ili wateja wacheke. Nilijiona fundi kwelikweli.

La pili lilikuwa bamba. Ndani ya mashine, mbele ya taa, kuna bamba dogo la chuma lenye tundu la pembe nne, na kinachopita kwenye tundu ndicho kinachoonekana. Filamu zenye sauti zina mstari wa sauti ulioandikwa ukingoni mwa mkanda, kushoto mwa picha, kwa hiyo bamba lake hufunika upande huo. Filamu bubu hazina mstari huo. Picha yenyewe ndiyo inayofika hadi ukingoni. Ukiiendesha filamu bubu kwa bamba la filamu ya sauti, unafunika kipande cha picha.

Bamba la filamu bubu lilikuwepo. Lilikuwa kwenye droo, limefungwa kitambaa chenye mafuta. Lakini kulifunga kulitaka kufungua nyumba ya taa, kuilenga upya, kujaribu, kurekebisha, na ilikuwa Ijumaa alasiri. Watanzania wenzangu walikuwa wananisubiri Hillbrow kwenye ngoma ya arusi. Nilisimama mbele ya mashine nikijiuliza kile kipande cha pembeni kina nini cha maana. Farasi wapo, gari lipo, askari wapo. Kushoto kuna mtu mmoja tu, amesimama majini.

Nikawasha.

Mkanda ulipita mara ile moja, ukakatikakatika ukiwa unatoka. Jumatatu tajiri, ambaye aliogopa moto kuliko kitu kingine chochote, aliniuliza kama nimenakili yote. Nikajibu, "Yote, tajiri." Tukaupeleka uwanja wa nje ya mji pamoja na mikanda mingine iliyooza, tukauchoma ndani ya pipa. Uliwaka kwa mwali mweupe mrefu, ukaisha kabla sijafunika uso vizuri.

Miaka mingi sikulikumbuka jambo lile, na sitaki kudai kwamba liliniumiza. Karakana ilifungwa, mzee wa Kireno akafariki, mimi nikarudi kwenye ulinzi hadi magoti yakakataa. Kama filamu ile isingerudi na kuegemezwa kwenye kopo la sukari, ningekufa nikikumbuka tu jinsi nilivyowatembeza wale farasi.

Mama aliendelea kuizungumza wiki nzima. Alikuwa ameandaa maneno ya kusema siku ya jiwe, na alikuwa akiyajaribu kwangu huku anamenya viazi. Angesimama mbele ya ukoo aseme: huyu hapa, Aliyevuka Mara Mbili, mnaona mkono wake, uso hamuoni kwa sababu mwenye mashine alimwona si mtu wa kupigwa picha. Maneno yalikuwa mazuri. Yalikuwa yanaingia moyoni, nami nilitikisa kichwa kuyakubali, kila mara. Yule Mzungu alikuwa amekufa zamani na hana wa kumtetea. Mbona wengine wa kwao wamefanya mabaya zaidi ya hilo, nilijisemea, hata akibeba na langu hataelemewa.

Siku moja aliweka kisu chini.

"Madala, utakuja na wewe. Nikimaliza mimi, utasimama uwaeleze kwa kitaalamu. Jinsi mtu wa kamera anavyoamua nani aingie na nani abaki nje. Shemeji yangu hatanisikiliza mimi. Fundi atamsikiliza."

"Mimi si mtu wa hotuba, Mama."

"Na mimi si mtu wa kukataliwa kwenye nyumba yangu."

Nilikubali. Kisha nikachukua koti langu la suti, ambalo lilikuwa limenizidi upana tangu nilipopungua mwili, nikalipeleka kwa fundi cherehani, Mkongomani kutoka Lubumbashi aliyekodi chumba cha mbele chenye dirisha la barabarani. Alinisimamisha katikati ya vitambaa, pini mdomoni.

"Papa, simama mzuri. Uko unapinda kama vile uko na gunia mgongoni."

Nikamuuliza, kama mtu anayezungumza ili kupitisha wakati, angefanya nini akikata kitambaa cha mteja vibaya.

"Nilishakata. Nguo ya bibi harusi, kule kwetu. Nilikata bega mbili za upande mmoja." Alicheka, pini zikatikisika. "Kitambaa hakikuwa tena sokoni."

"Ukafanyaje?"

"Nilitaka niseme panya. Kweli, panya! Nilishaanza na kutoboa matundu na makasi. Halafu nikawaza, huyu mama atakuja siku ya harusi, atavaa panya yangu mbele ya watu. Nikaenda kwake. Akanitukana hadi jirani wakatoka. Lakini alinitukana mapema, akapata kuazima nguo ingine." Akatoa pini mdomoni, akanitazama kwenye kioo. "Kwa nini unauliza? Wewe ulikata nini?"

"Picha," nilisema.

"Ah. Picha haina bega." Akarudi kwenye mshono. "Lakini mwenyewe yuko?"

"Yuko. Ndiye mwenye nyumba."

Akapiga mluzi mdogo. "Papa, enda leo."

Sikwenda siku ile. Nilikwenda kesho yake, asubuhi, wakati wa chai. Mama alikuwa ameivaa miwani, anaandika majina ya watakaopanda basi la kwenda makaburini. Nilibaki nimesimama, naye akaniambia niketi, kiti hakiumi. Nikaketi. Nikamwambia kwamba mpiga picha hakumkata babu yake. Alimweka kwenye picha, mzima, mahali pazuri. Aliyemkata ni mimi.

Alidhani ni Kiingereza changu kimeniangusha. Nikaieleza upya. Nikachukua bahasha, nikakata tundu la pembe nne kwa kisu cha mkate, nikaliweka juu ya kalenda iliyokuwa ukutani na kulisogeza, nikamwonyesha jinsi upande mmoja unavyofunikwa. Nikamweleza habari ya droo, ya Ijumaa, ya Hillbrow. Nikamweleza habari ya pipa.

"Kwa hiyo haipo tena."

"Haipo, Mama."

"Na wewe ulimwona."

"Nilimwona. Kwa lenzi."

Alivua miwani. Nilikuwa nimejiandaa kwa matusi, hata kwa kuambiwa nitafute chumba kwingine, Rosettenville. Sikuwa nimejiandaa kwa alichouliza.

"Alifananaje?"

Ukutani, juu ya jokofu, kuna picha ya baba yake. Ameketi kwenye mkokoteni wa makaa, hatamu mkononi, ana paji pana na mashavu yaliyobonyea. Nimekunywa chai chini ya picha ile miaka mingi. Mama alifuata macho yangu hadi pale, kisha akanirudia, na sauti yake ilikuwa ndogo.

"Alikuwa na paji kama hili? Mashavu haya?"

Ningeweza kusema ndiyo. Ilikuwa tayari mdomoni, na ingemfaa. Damu ni damu, huenda hata ingekuwa kweli. Angekwenda nayo kaburini kwa baba yake na kusema uso wako ulikuwa uso wake. Ni nani angenikanusha? Mimi ndiye mtu wa pekee aliye hai aliyemtazama. Lakini nilipojaribu kuurudisha uso ule, nilipata picha ya juu ya jokofu, ikiwa imevishwa kofia.

"Sijui," nilisema. "Uso siukumbuki. Nakumbuka kofia, ukingo wake wa mbele umekunjwa juu. Nakumbuka koti fupi. Na mdomo ulikuwa mviringo, hivi. Nilidhani anapuliza mikono kwa baridi. Uso wenyewe sina, Mama. Sikumtazama kama mtu nitakayeulizwa habari zake."

Birika la umeme likachemka, likajizima.

"Ulimwona," alisema, "ukampima na ngoma."

"Ndiyo."

"Yule Mzungu nimemtukana wiki nzima. Ulikuwa unanisikia."

"Nilikuwa nakusikia."

"Ondoka jikoni kwangu, madala."

Siku zilizofuata nilichemsha chai yangu chumbani. Tulipopishana uani aliniitikia salamu kwa adabu, kwa jina langu la ukoo, na adabu ile ilikuwa nzito kuliko tusi. Koti lilirudi likiwa limenikaa sawa, nikalitundika nikiwa na hakika halitakwenda popote.

Asubuhi ya Jumamosi ya jiwe alinigongea mlango. Alikuwa amevaa gauni jeusi na doeki, kitambaa cha kichwani, kipya.

"Basi lipo kwenye robot, zile taa za barabarani pale chini, na dereva ana haraka. Vaa."

"Mama, nilidhani…"

"Nilikwambia utasimama uwaeleze kwa kitaalamu. Utawaeleza kwa kitaalamu ulichofanya. Unadhani habari hiyo nitaibeba mimi?"

Makaburini upepo ulikuwa mkavu, unatupa vumbi la kahawia kwenye viatu. Jiwe lilifunuliwa, wakaimba, wakamwomba mzee radhi. Kisha tukarudi kwenye nyumba ya ukoo, ambako hema lilikuwa limejaza ua, na mbele ya viti, juu ya meza, kulikuwa na televisheni kubwa iliyounganishwa na simu ya mpwa. Filamu ikapita. Watoto walicheka farasi walipokwama, wakanyamazishwa. Mkono ukatokea, ukavuta, ikaisha.

Mume wa dada yake, mtu mnene mwenye sauti ya kengele, ndiye aliyeanza.

"Ni huo tu? Mkono? Huo hata mimi ninao. Miwili." Watu wakacheka. "Mara hii tiketi mturudishie."

Mama akaniashiria. Nikasimama mbele yao nikiwa na koti langu lililokaa sawa, nikasema kwa Kiingereza, na mpwa akanitafsiria kwa Kizulu. Nilisema mwenye mashine alimpiga picha mtu yule mzima, na mimi, miaka mingi baadaye, nilipokuwa nikitengeneza nakala, nilimfunika kwa sababu ya uvivu, kisha nikakubali mkanda uchomwe. Nikasema sikumbuki uso wake. Nikaomba radhi. Kijana mmoja nyuma aliuliza kwa sauti kwa nini mgeni huyu analishwa. Bibi mmoja akamjibu kwamba wageni hulishwa kwanza, hugombezwa baadaye. Hakuna aliyenipigia makofi, na ilikuwa haki.

Nilipokuwa narudi kwenye kiti, kaka yake Mama aliomba filamu irudiwe. Ni mzee mfupi, mwenye kasoro ya mguu mmoja, ambaye aliendesha mikokoteni ya makaa na baba yao tangu utoto hadi farasi wa mwisho alipouzwa. Alikuwa amesogeza kiti chake karibu kabisa na televisheni.

"Simamisha hapo," alimwambia mpwa. Gari lilikuwa bado linashuka, halijafika majini. "Hawa farasi wamelowa."

"Wanatoka mtoni, mzee," alisema yule shemeji.

"Hawajaingia mtoni. Tazama matumbo. Tazama manyoya ya miguuni, yameshikana. Huyu wa pili anadondosha maji." Alipeleka kidole kwenye kioo. "Na gurudumu linang'aa hadi kwenye ekseli. Sasa niambie, wamelowa wapi?"

Nilisogea nikatazama. Ilikuwa vile alivyosema. Nilikuwa nimewapitia farasi wale mmoja mmoja kwa lenzi, nikahangaika na mwendo wao siku nzima, na sikuona kwamba walikuwa wamekwisha kuvuka.

"Mara mbili," Mama alisema polepole. Hakumtazama shemeji yake, na shemeji yake aliona sahani yake ina jambo la kutazamwa.

Nikarudi kwenye kiti changu kule nyuma, filamu ikaendelea. Gari likaingia majini. Kaka yake aliinuka, akachechemea hadi upande wa kushoto wa televisheni, akageuka kuwatazama farasi. Alikunja midomo ikawa mviringo, akapiga mluzi mrefu unaopanda mwishoni. Wazee kadhaa walicheka kwa kuutambua: ndio mluzi ambao mzee wa makaa alikuwa akiwaitia farasi wake kwenye mlima wa mtaa wao. Nikamwona Mama ameweka kiganja mdomoni. Alinitazama, na mimi nikaitikia kwa kichwa, kwa kuwa hilo angalau nilikuwa nimeliona kwa macho yangu.

Kaka yake alinyoosha mkono hewani, karibu na ukingo wa kioo, pale ambapo ule mkono ungetokea.

"Alikuwa hapa?" aliniuliza.

"Sogea kushoto kidogo," nilisema. "Na chini, mzee. Maji yalimfika mapajani."

Akapiga magoti nusu, mguu wake mbovu ukitetemeka, mpwa akakimbilia kumshika bega, naye akamkataza. Mama akakivuta kiti kilichokuwa pembeni yake.

"Njoo ukae huku mbele, madala," alisema. "Ukiwa kule nyuma utamweleza vipi?"